Pumzi Kabla ya Jina

Praha, 6 Septemba 1976

Dada Blažena,

Uyoga umefika. Kifurushi kilikuwa kimefunguliwa na kufungwa upya kwa kamba nyingine, lakini aliyekifungua ana adabu zake, hakuchukua hata kipande. Jana nimepika supu ya viazi na sasa nyumba nzima inanukia kama jikoni kwa mama.

Haya, kaa chini kwanza. Mdogo wako anarudi. Najua utasema kazi ninayo siku zote, na kweli ninayo, kazi ya kuingiza sauti kwenye filamu za wageni. Miaka sita sasa watu wananisikia na hawanioni. Nimekuwa kadinali, nimekuwa farasi, nimekuwa mapolisi watatu wa Kifaransa ndani ya filamu moja. Juzi kwenye foleni ya nyama niliomba nusu kilo ya maini, mama mmoja akageuka kumtafuta mpelelezi wa filamu za Jumamosi. Alipoona ni mzee tu mwenye kikapu, akanitazama kama nimemwibia kitu.

Hiyo ndiyo hali ya mtu aliyeonekana kwenye filamu themanini na tatu. Wewe unakumbuka ya kwanza, mwaka 1931, mpokea mizigo wa hoteli mwenye sentensi moja tu. Ulikwenda kuiangalia mara nne na mara zote ulikohoa pale pale nilipofungua mdomo. Baadaye nikawa mchumba wa mtu, afisa, mfua chuma, baba mlevi, jini wa maji. Kisha nikakataa kufuta saini yangu kwenye ile barua ya wasanii ya kuipinga serikali, na nilikataa, nakiri, kwa sababu mumeo Jáchym alikuwa amekaa jikoni kwangu ananitazama. Tangu hapo uso wangu haufai.

Sasa sikiliza. Alinijia Bohdan Žilka, yule anayeamua nani aigize nini. Alikuja mwenyewe, na keki. Kuna filamu ya Kiitaliano inataka sauti yangu haraka, inamhusu mwalimu wa kijijini anayewageuka wenzake, na mimi ni rafiki yake mzee. Nikimaliza vizuri, Januari naanza kuigiza mfalme katika hadithi ya Krismasi ya televisheni. Kwa uso wangu, dada, na jina langu mwanzoni. Nina miaka sitini na minne. Nilikuwa nimeshaanza kuamini kwamba nitazikwa kama sauti.

Msalimie shemeji. Mwambie apumzishe vidole.

Vavřinec

*

Kamenná Lhotka, 12 Septemba 1976

Vávra mdogo wangu,

Nimefurahi kwa ajili yako, na nimefurahi polepole, maana nakujua. Ukipewa keki unasahau kuuliza imepikwa na nani.

Shemeji yako vidole havipumzishi. Tangu wamstaafishe ualimu kwa nguvu, anapiga chapa kutoka kifungua kinywa mpaka chakula cha mchana, nakala sita kwa mkupuo, na ya sita haisomeki hata kwa miwani yangu. Mambo yenyewe ni mashairi na barua za watu ambazo hakuna anayekubali kuzichapisha. Nikimwambia mashine inasikika mpaka posta, anasema basi posta nao wapate kusikia kitu kizuri.

Jumanne walikuja mabwana wawili kukagua bomba la maji. Sisi tuna kisima, Vávra. Nikawaonyesha kisima, wakakikagua. Mmoja wao akaomba kuingia ndani kunawa mikono, akanawa, akakaa kwenye kiti cha Jáchym, akaniuliza kwa upole kama ni kweli mimi ni dada yake yule mwigizaji. Akasema mkewe hulia kila anapoiona filamu ya jini wa maji. Nikamwambia alie haraka, maana siku hizi haionyeshwi. Akacheka. Sikupenda kicheko chake.

Unakumbuka Krismasi iliyopita tulipokata matufaha mezani kutabiri mwaka? Lako na langu yalitoka na nyota nzima ya mbegu ndani, ishara ya heri. La Jáchym lilikuwa na funza katikati, na akalila lote akisema funza naye ni nyama. Mimi si mtu wa kuamini ishara, lakini tufaha lile nimeliota mara mbili mwezi huu.

Swali moja, kwa kuwa mimi ni mshamba. Uliwahi kunieleza kwamba kuingiza sauti ni kufuata mdomo wa mtu kwenye picha. Hiyo filamu ya Kiitaliano umeiona?

Dada yako,
Blažena

*

Praha, 21 Septemba 1976

Dada Blažena,

Wewe ungefaa kuwa mpelelezi, ungetutia ndani wote. Hapana, sijaiona. Picha imekwama forodhani, ndivyo walivyosema, na maneno yameshatafsiriwa, kwa hiyo tunarekodi kwanza, watakata na kuoanisha baadaye.

Ni kweli si kawaida. Siku zote wanakata kipande kifupi cha filamu, wanakifunga kama pete, kinazunguka mbele yako, mdomo ule ule unafunguka mara kumi, ishirini, mpaka sauti yako ikae ndani yake. Safari hii kuna meza, kipaza sauti na glasi ya maji. Žilka yuko nyuma ya kioo na bwana mmoja ambaye hajitambulishi wala havui koti. Sentensi zimeandikwa kwenye vikadi na hazina mfuatano. "Tumekula meza moja kwa miaka arobaini." "Nasema haya kwa hiari yangu." "Sikutaka kuamini." Nikiuliza nakasirika au nahuzunika hapa, Žilka anasema soma kama wewe mwenyewe. Mwigizaji haambiwi hivyo, ni sawa na kumwambia mpishi apike chakula.

Halafu kuna jambo la kumchekesha shemeji. Huyo mwalimu mshenzi kwenye filamu anaitwa Gioacchino, na kwa kuwa watazamaji wetu wataumwa ulimi, wameamua kumwita kwa Kicheki. Yaani Jáchym! Leo nimesema "Jáchym" mara kumi na moja mbele ya kipaza sauti. Mwambie nimemtukana kwa ufundi mkubwa, na asinisusie bia tukikutana.

Yule bwana wa bomba usimwogope. Wana orodha zao, wanazunguka, wanaondoka.

Vavřinec

*

Praha, 1 Oktoba 1976

Ndugu Msanii Vavřinec Hudeček,

Kwa niaba ya kamati ninakushukuru kwa siku nne za kazi. Sauti yako imetufaa kuliko tulivyotarajia.

Ninayo furaha kukuarifu kwamba hakuna tena kizuizi cha wewe kuonekana kwenye televisheni wala jina lako kuandikwa. Upigaji picha unaanza tarehe 10 Januari. Fundi wa mavazi atakuita kupima taji na joho. Aidha, filamu yako ya zamani ya jini wa maji imepangwa kuonyeshwa mkesha wa Krismasi, saa kumi jioni, pamoja na majina yote.

Tunakushauri kwa sasa usihudhurie mikusanyiko na usijihusishe na mambo ya watu wengine, wakiwemo wa ukoo. Ni ushauri wa kirafiki.

Bohdan Žilka

*

Kamenná Lhotka, 22 Oktoba 1976

Vávra,

Wamemchukua Jáchym. Ilikuwa jana saa nne asubuhi, tumekaa jikoni tunakata kabichi za kuchachua, mikono yote chumvi. Waliingia watano. Walibeba mashine ya kuchapia, karatasi zote, hata daftari langu la mapishi kwa sababu limeandikwa kwa mkono. Yule wa bomba la maji alikuwepo. Aliniambia nisikatishe kabichi, zitaharibika.

Jáchym aliomba kunawa. Akanawa taratibu, akavaa koti lake zito la baridi ingawa jua lilikuwa linawaka, na hapo ndipo nilipoelewa, maana alishaondoka nyumbani hivyo mara moja, mwaka 1942, Wajerumani walipompeleka kambini, na aliporudi alikuwa na kilo arobaini na tano. Ana miaka sitini na saba sasa. Mapafu yake unayajua.

Hawataki kuniambia yuko wapi. Wakili wa hapa ameniambia kwa kunong'ona kwamba watamshtaki kwa kuichafua nchi, na kama wakipata mtu anayeheshimika wa kusimama upande wao, ni miaka mitatu au minne. Asipopatikana, pengine watamwachia kwa sababu ya umri. Mwalimu mzee kijijini, nani anamjua? Hivyo ndivyo alivyosema.

Vávra, wewe watu wanakujua. Makarani wanasimama ukipita. Nenda ukaulize, mdogo wangu. Uliza tu yuko wapi na kama amepelekewa dawa.

Blažena

*

Praha, 29 Oktoba 1976

Dada yangu mpenzi,

Nimesoma barua yako nimesimama, kisha nikakaa. Nimepiga simu sehemu mbili. Nimeambiwa tuwe na subira na tusipige kelele, kelele zitamwumiza. Dawa anapelekewa, nadhani. Mtu mmoja aliniahidi kuuliza.

Nakutumia sweta langu la kijivu umpelekee wakikuruhusu. Usiandike mambo mengi kwenye barua. Hapa kila kitu kinakwenda, wamenipima taji, ni zito na linanibana juu ya masikio. Hali ya hewa mbaya.

Kula, tafadhali.

Vavřinec

*

Kamenná Lhotka, 8 Novemba 1976

Nilikuwa napiga pasi. Redio ilikuwa juu ya kabati, mahali pake pa siku zote. Mtangazaji akasema sasa tutamsikia msanii wetu mpendwa akizungumza kuhusu shemeji yake aliyekamatwa, nami nikaiweka pasi chini nikafurahi. Nilifurahi, Vavřinec. Nilisema moyoni, ametuombea.

"Tumekula meza moja kwa miaka arobaini. Sikutaka kuamini. Jáchym amewageuka watu waliompa mkate. Aliwafundisha watoto uongo. Nasema haya kwa hiari yangu, na kwa uchungu."

Dakika mbili nzima. Shuka la Jáchym limeungua, lina alama ya pasi nyeusi.

Dukani leo watu wamenipisha mbele ya foleni bila kuniangalia. Hedvika wa jirani peke yake ndiye aliyenishika mkono. Wakili amesema mtu anayeheshimika wamempata, na mkanda utachezwa mahakamani.

Sitaki sweta. Nimelirudisha.

B.

*

Praha, 11 Novemba 1976

Dada, dada yangu,

Sikusema. Nakuapia kwa kaburi la mama. Ile ilikuwa filamu ya Kiitaliano! Niliandika nikakuambia, barua unayo, soma ya tarehe 21 Septemba, yote yapo humo, vikadi, sentensi zisizo na mfuatano, mpaka lile jina. Wamechukua mkasi, wakakata, wakaunganisha kwa gundi. Hakuna filamu yoyote. Hakukuwa na forodha wala Mwitaliano. Wamenifanya mjinga, mimi mwenye miaka arobaini na tano katika kazi hii.

Nilikwenda kwa Žilka. Alinipokea vizuri. Alisema hajui ninachozungumza, kisha akauliza kama taji limeshalegezwa.

Nimekaa siku tatu sifungui mlango. Watu wa ghorofa ya chini, waliokuwa wakinisalimia, sasa wananisalimia kwa heshima zaidi, na hilo linanitisha. Niandikie. Nitukane lakini niandikie.

Mdogo wako

*

Gerezani, 25 Novemba 1976

Shemeji mpenzi,

Ninaruhusiwa barua moja kwa mwezi. Blažena atanipiga kwa mwiko akijua ya mwezi huu nimekuandikia wewe, lakini nasikia hamzungumzi, na nikitoka sitaki kukuta vita.

Mimi mzima. Tuko wanne chumbani, mmoja wetu ni mwizi wa baiskeli aliyekuwa mwanafunzi wangu. Ananiita mwalimu na kunipa ngozi ya mkate, nami namsahihishia barua za mchumba wake. Kifua kinakohoa chenyewe, mimi sishiriki.

Walitusikilizisha hotuba yako uani, kwenye kipaza sauti cha juu ya mlango, mara tatu siku moja. Walikuwa wakinitazama usoni. Mara ya kwanza, nikuambie ukweli, niliamini. Mara ya pili nikasikiliza kama mwalimu. Mara ya tatu nikacheka, na kwa kucheka nikanyimwa kutembea uani kwa wiki moja.

Vávra, nimekusikiliza tangu una miaka kumi na minane, tangu ulipokuwa unakariri mashairi jikoni kwa mama yenu ili kuwakera majirani. Wewe ukitaka kutaja jina la mtu unavuta pumzi kidogo kwanza. Siku zote! Kwenye jukwaa, kwenye filamu, ukimwita mbwa. Ni kasoro yako, walimu wako wa uigizaji walishindwa kuiondoa. Na kwenye ule mkanda, kabla ya "Jáchym" hakuna pumzi. Jina limekaa pale limekauka kama limebandikwa. Nikajua wametumia mkasi. Kijana wa watu ameingizwa mjini, nikasema, na nikalala vizuri kwa mara ya kwanza.

Sasa naomba neno moja. Kesi ni tarehe 14 Desemba, saa tatu asubuhi. Watacheza mkanda, sina shaka. Njoo usimame uwaambie walivyokurekodi, basi. Najua watakufungia tena milango, na mfalme wako atapewa mtu mwingine. Nisingeomba kama kifua hiki kingekuwa na miaka mitatu ndani yake.

Unaikumbuka kamati ya mwaka 1945? Walitaka kukufuta kwenye uigizaji kwa sababu ya ile karatasi ya Wajerumani uliyoisoma redioni wakati wa vita. Nilikuja nimevaa koti la marehemu, suruali nimeifunga kwa kamba, nikawaambia namjua mtu huyu, alisoma, hakusema, kusoma na kusema ni mambo mawili. Wakakuacha. Hiyo si kwamba nakudai, usinielewe vibaya. Nakukumbusha tu kwamba inachukua dakika mbili.

Shemeji yako anayekohoa,
Jáchym Brázdil

*

Praha, 10 Desemba 1976

Dada Blažena,

Najua husomi barua zangu. Hii isome, ni ya kweli.

Jáchym ameniandikia. Nimeisoma barua yake mpaka imechanika kwenye mikunjo. Ananiamini. Anasema amesikia mkasi, kwa kuwa kabla ya jina lake hakuna pumzi.

Pumzi haikukatwa, dada.

Siku mbili za kwanza sikujua, hilo ni kweli, au nilijua kama mtu anavyojua jino limeoza lakini haliumi bado. Siku ya tatu yule bwana mwenye koti alimpa Žilka kadi moja, Žilka akaileta mwenyewe badala ya kuituma. Niliona jina. Žilka alirudi nyuma ya kioo, nikawaangalia, wote wawili walikuwa wanatazama viatu vyao. Nikaelewa yote kwa mara moja, kuanzia keki. Nikafikiria mfalme. Nikafikiria uso wangu mkubwa ukutani tena, na watu kwenye foleni wakinitambua. Na lile lililoniokoa mwaka 1945 likanijia kichwani, kwamba kusoma na kusema ni mambo mawili. Maisha yangu yote nimeishi ndani ya maneno yale ya Jáchym kama ndani ya nyumba.

Nikasoma. Nilipofika kwenye jina, pumzi nikaibana. Nilikuwa naogopa kwamba nikivuta nitasikika nimejua. Žilka akasema tena, na tena. Mara kumi na moja niliibana.

Na ile barua ya 21 Septemba, yenye utani wa Mwitaliano, niliiandika jioni hiyo hiyo. Niliiandika ili siku moja niweze kukuambia, soma, nilikuambia. Unaona nilivyo. Hata wewe nilikuigizia.

Ningeweza kukaa kimya, ningebaki mjinga aliyedanganywa, na mjinga anasamehewa. Lakini nitakuja tarehe 14, na siwezi kusimama mbele yake anitazame kwa macho yale ya kuniamini wakati hakuna mtu duniani anayejua. Wewe jua. Yeye usimwambie kabla ya kesi, nitamwambia mwenyewe.

Nitapanda basi la saa kumi na mbili asubuhi. Nimeshapiga pasi suti ya kijivu. Niwekee nafasi karibu na dirisha, unajua nikikosa hewa sauti inakwama. Nitawaambia kila kitu, dakika mbili, kisha wafanye wanavyotaka na taji lao.

Vavřinec

*

Kamenná Lhotka, 27 Desemba 1976

Vavřinec,

Barua yako niliipata tarehe 13. Ilikuwa imefunguliwa kama zote, kwa hiyo walijua unakuja. Nakuandikia hilo mwanzoni ili nikupe nafasi. Nimejiambia pengine walikuzuia kituoni. Pengine walikushusha kwenye basi. Nimesubiri wiki mbili mtu aniambie hivyo. Kisha Hedvika, ambaye binti yake anashona mavazi huko kwenu, akaniambia siku ya tarehe 14 ulikuwa unapigwa picha za gazeti, umevaa joho, na ulikuwa mchangamfu ukawatania mafundi. Hakuna aliyekuzuia.

Mahakamani, kiti cha karibu na dirisha nilikiwekea koti langu na mkoba. Askari aliniambia nitoe, watu wamesimama. Nikamwambia kuna mtu anakuja. Niliwaambia hivyo mara tatu. Jáchym alipoletwa alikuwa amepungua sana, shingo inaogelea ndani ya shati, lakini aliona koti kwenye kiti akanikonyeza. Alielewa kiti ni cha nani.

Wakacheza mkanda. Kisha akasimama na kuwaeleza mambo ya pumzi yako, kwa utulivu, kama yuko darasani. Jaji akauliza kama kuna mtu yeyote anayeweza kuthibitisha. Jáchym akasema, "Yupo. Yuko njiani, basi la kutoka Praha huchelewa wakati wa theluji." Jaji akatoa mapumziko ya robo saa, labda alikuwa na roho. Mlango ulifunguliwa mara mbili. Mara zote mbili aligeuka akiwa ameshaanza kutabasamu. Mara ya kwanza ilikuwa fundi wa majiko, mara ya pili mwanamke aliyepotea chumba.

Miaka mitatu na nusu.

Waliniruhusu kumshika mkono kwenye korido kwa dakika moja. Aliniambia nisikukasirikie, lazima wamekufanya kitu kibaya, nikupigie simu nijue kama u mzima. Sikumwambia, Vavřinec. Ulisema utamwambia mwenyewe. Barua ya tarehe 10 ninayo, nimeishona ndani ya mto. Nikimwambia, atakuwa hana pa kulala hata humo gerezani.

Mkesha wa Krismasi nilikata tufaha peke yangu. Lilikuwa na nyota nzima, safi kabisa. Nililitazama nikachukia.

Saa kumi wakaonyesha jini wa maji. Hedvika alikuja na mandazi yake ya mbegu za mpopi, akaniuliza kama nizime, nikasema acha. Jina lako likaja mwanzoni, kubwa, la kwanza. Nilivumilia mpaka uliposema neno la kwanza. Hapo nikainuka nikapunguza sauti mpaka mwisho, nikaacha picha.

Basi nimekuona. Koti la kijani, maji yanachuruzika kwenye pindo, na rafu ndefu yenye vikombe ulimofungia roho za waliozama. Unakumbuka mwisho, unapofunika uso, kisha unachukua kikombe cha yule msichana, unafungua kifuniko, unamwita kwa jina ili roho yake itoke. Nimeiona filamu hiyo mara ishirini na siku zote nilikuwa nasikiliza. Safari hii hakukuwa na cha kusikiliza, kukawa na kifua chako tu. Na ni kweli alivyosema Jáchym. Kabla ya jina kifua kikapanda, polepole, kama mtu anayetaka kubeba kitu kwa uangalifu asikivunje. Kisha mdomo ukafunguka.

Hedvika alikuwa analia. Nikazima na picha.

Blažena